Utani Haumvui Mtu Nguo

Nakumbuka vizuri, mwanangu, siku niliyoukata kwa wembe uso wa Somoe. Uso wa kwenye picha, usishtuke. Ingawa kwa yaliyofuata, sioni tofauti kubwa.

Nilikuwa na miaka ishirini na mitatu, mpiga picha katika studio moja ya Kilwa Kivinje, na nilijiona mjanja kuliko mji mzima. Somoe alikuwa mshonaji, rika langu, na alikuja kupiga picha ya uchumba. Ukoo wake na wetu ni watani tangu mababu. Unaujua utani wetu: mtani huingia jikoni kwako akaondoka na jogoo, na msibani hushuka kaburini akagoma kutoka mpaka abembelezwe. Hakuna anayenuna. Basi nikasema, na mimi nimtanie bibi harusi.

Uso ule niliubandika juu ya mwili wa mwanamke asiye na nguo, kutoka gazeti la kigeni, nikaupiga picha upya mpaka maungio yakapotea. Mabaki nikayachoma. Niliwaonyesha wenzangu wawili tu, lakini siri ya watatu si siri. Kufika Ijumaa nakala ilikuwa Mchinga, mikononi mwa wakwe zake.

Niliogopa kweli. Nilikwenda Mchinga, nikasimama mbele ya wazee, nikaapa kuwa picha ni ya kutengeneza na mtengenezaji ni mimi. Unajua walifanya nini? Walicheka.

"Mtani huyu! Amekuja kumsitiri mtani wake."

Maisha yangu yote nilikuwa nimewazoesha watu kuwa neno langu ni mzaha. Siku nilipohitaji kuaminiwa, hapakuwa na wa kuniamini. Posa ikavunjika jioni ile.

Bibi yake Somoe aliniita. Nikamwamkia, "Shikamoo, bibi." Hakuitikia.

"Mtani akishuka kaburini tunacheka, maana tunajua atatoka," alisema. "Mjukuu wangu umemshusha wewe. Haya, mtoe."

Sikuweza. Mzaha mzaha hutumbuka usaha, na usaha ule hakuutoa mtu.

Cherehani Somoe aliiacha, kwa kuwa wateja walikuja kumtazama, si kushonewa. Akahamia Rondo kwa shangazi yake, akalima, na rafiki zake hakumfuata hata mmoja. Miaka mingi baadaye nilimfuata kumwomba radhi. Aliitikia salamu, akaendelea kupalilia. Nilikaa kando ya shamba mpaka adhuhuri, nikaondoka. Ameshafariki, na radhi yake sikuipata.

Nyinyi hamhitaji hata wembe. Simu yenye akili mnemba humvua mtu nguo kabla chai haijapoa. Mwezi uliopita kijana wa mtaani kwetu alimfanyia hivyo mwalimu mmoja, akairusha picha kwenye kundi la wenzake. Askari walipomfuata akajitetea, "Afande, ulikuwa utani tu." Nilikuwepo. Sasa simu yake ni kielelezo cha kesi, na sheria ya makosa ya mtandao haina mtani: akikutwa na hatia ni faini au jela, au vyote viwili. Walioisambaza nao wameitwa kituoni. Na mwalimu? Hajarudi darasani. Hakimu anaweza kumfunga kijana, lakini hawezi kuyafumba macho yaliyokwisha kuiona picha ile.

Basi nakuusia, mwanangu. Picha ya mtu usiichezee bila ridhaa yake, awe mtani, awe mchumba aliyekuacha. Ukiletewa ya namna hiyo usicheke, usiitume mbele, wala usianze kuuliza kama ni kweli. Mwambie aliyeileta akome. Na ukifanyiwa wewe, usikimbilie mafichoni. Aibu si yako. Tunza ushahidi, mshike mkono mtu unayemwamini, mwende polisi. Ukimwona mwenzio yamemfika, kaa naye, maana upweke ndio uliommaliza Somoe.

Nimesema kwa ukali kwa sababu inaniuma.

Mwenyezi Mungu akupe macho yenye haya, na mkono mzito kila unapotaka kudhuru. Akujaalie uzee ambao ndani yake hakuna mtu unayeogopa kukutana naye siku ya Kiyama. Mimi ninaye.