Wivu wa Kutaniwa

Nilipougua malaria mwaka jana, simu yangu ilijaa salamu. "Pole sana bosi, Mungu akuponye," waliandika wenzangu wa ofisini, na kila ujumbe niliujibu kwa shukrani nikiwa nimelala peke yangu nyuma ya geti la chuma. Hakuna aliyepiga hodi.

Mwezi huu ameugua jirani yangu wa hapa Likombe, mfanyakazi wa bandarini. Sote wawili tumetoka nyanda za juu, naye alihamia Mtwara miaka mingi baada yangu. Nilikwenda kumjulia hali, na nikiwa bado uani nikasikia vicheko chumbani mwake.

Majirani walikuwa wamejaa mkekani, kando ya godoro lake. Mama anayeuza ming'oko, ile mizizi ya porini inayochemshwa huku kusini, alikuwa akimtania.

"Mtani, usife kabla ya msimu wa korosho. Magunia atabeba nani?"

"Nikifa mtanizika tu."

"Kwa urefu huo? Nani achimbe? Miguu itabaki nje, tuifungie kamba za mbuzi."

Nikaona wivu. Miaka yote niliyoishi mtaa huu, hakuna aliyewahi kunicheka hata kitambi. Mimi huamkiwa kwa adabu, kisha watu hupunguza sauti mpaka nipite. Nilizoea kuiita hali hiyo heshima.

Waliponiona, vicheko vilikatika. "Karibu, mheshimiwa," wakasema, na kiti cha plastiki kikaletwa mbio kutoka nyumba ya pili. Nikakaa juu yao wote, magoti yangu usawa wa vichwa vyao, nikiulizia homa kwa sentensi za kikaoni. Nilimtazama mgonjwa, amekonda, jasho linamtoka, nikatamani kila alichokuwa nacho, hata homa yenyewe.

Nikainuka, nikakaa mkekani.

"Suruali itachafuka, mheshimiwa," mama wa ming'oko akasema, kwa wasiwasi wa kweli.

"Mwache," mgonjwa akajibu, macho ameyafumba. "Ni ile aliyovaa kwenye mahafali yake."

Wote wakanitazama, wakisubiri. Nikawaambia koti la suti hiyo pia ninalo, ila halifungiki tena. Wakacheka, na yule mama akanisukumia sahani ya ming'oko bila kuniita mheshimiwa.

Niliimenya ming'oko taratibu, nikiwa na furaha. Lakini nilijua kwamba hata utani huo nimepewa na jirani yangu, tena akiwa hoi, kama mtu anayegawa kitu alichonacho kingi. Bado namwonea wivu.