Mbio za Kichwa cha Mto

Enzi zetu, sisi tuliokulia kati ya Nachingwea na Ruangwa, mvua ya kwanza hatukuitazama angani. Tuliitegea sikio mlimani! Mto wetu mdogo ulizaliwa huko juu kwenye miamba, ukateremka, ukapita mianzini, ukapinda kona kali, kisha ukatulia tambarare ukielekea Mbwemkuru. Kiangazi chote ulikuwa mchanga mtupu, nasi tulichimba visima humo humo, tukachota maji kwa kata. Upande wetu ulikuwa wa jumbe mmoja, ng'ambo ya jumbe mwingine, na pande zote mbili tulikuwa watani.

Basi maji ya kwanza yakishuka, yalikuja na kichwa: povu, majani makavu, vijiti, na ngurumo yake. Watoto wa pande zote tulikimbia mbele yake, kila kundi ukingoni kwake, kutoka mianzini hadi bwawani penye jiwe kubwa. Upande uliotangulia kuligusa jiwe ndio uliomiliki bwawa masika yote. Walivua kambare, na mama zao waliloweka muhogo kwenye maji safi. Walioshindwa waliloweka huko chini kwenye matope, ugali wao ukanuka, na watani wakaziba pua kila walipopishana nao njiani.

Mwaka ninaoukumbuka, sisi tulikuwa tumeshindwa masika mawili mfululizo. Mama alituambia, "Mkishindwa tena, ugali mtakula kwa watani!" Tulikuwa tayari kweli kweli. Tatizo lilikuwa matrekta ya Waingereza ya mradi wa karanga, yaliyokuwa yakifyeka pori upande wa Nachingwea. Upepo ukivuma tuliyasikia yakinguruma kama mto. Ngurumo ya kwanza, tukachomoka wote mpaka mianzini, kumbe mchanga mkavu! Wa ng'ambo walicheka mpaka wakakaa chini. Kwa hiyo siku mlima uliponguruma kweli, sisi tukajifanya wajanja: "Trekta hilo!" Mpaka nilipomwona Mwanaidi, binti wa ng'ambo mwenye miguu mirefu, anatimka ukingo wa pili.

Nilitupa mchi nikakimbia. Nilipofika kona ya pili nikaona nimeachwa mbali, nikarukia mchangani ili nikate kona, na mguu mzima ukatumbukia kisimani, ukakwama. Ngurumo hiyo nyuma yangu! Nikapiga yowe. Mwanaidi alikuwa amebakiza kidogo tu afike jiweni. Aligeuka, akarudi mbio, akashuka mchangani, akanivuta kwa mikono miwili huku akinimiminia matusi yote ya utani. "Toka, mtani! Nife mimi kwa ajili ya muhogo wenu unaonuka?" Tulipopanda tu ukingoni, povu likapita pale pale. Tukakimbia tena, safari hii tumeshikana mikono, tukaligusa jiwe pamoja.

Mama zetu walibishana mpaka jua likazama. Mwishowe masika yale pande zote zililoweka muhogo bwawa moja, na sijapata kula ugali mtamu kama ule.

Leo mto ule wanauita mpaka wa wilaya. Una daraja, na wajukuu zangu huiuliza simu kama mvua itanyesha. Maji yakishuka hawakimbii, wanasimama kuyapiga picha! Mimi simu niliipendea jambo moja tu. Mwanaidi, aliyezeekea ng'ambo ile ile, alikuwa akinipigia kila mvua ya kwanza: "Mtani, mto unashuka. Na mwaka ule ningeshinda, bwawa ni letu." Nami nilimjibu, "Trekta hilo!" Tukacheka mpaka salio likaisha.

Kiangazi hiki tulimzika. Juzi mlima ukanguruma, simu haikulia. Nilichukua fimbo nikajikongoja mpaka ukingoni, kichwa cha mto kikapita na povu lake, nikapaza sauti mpaka wajukuu wakanishangaa: "Haya, Mwanaidi! Bwawa ni lenu."