Mpiga Ngoma wa Magoti Machafu

Kwa miaka ishirini na miwili Marlys Kessler amekaa mapokezi ya duka la miwani mjini Olympia, na wateja wanamjua kama mjane mpole anayeuliza iwapo fremu inabana pua. Wachache wanajua kuwa mwaka 1993 alipiga ngoma katika Magoti Machafu, bendi ya panki, muziki wa kelele na uasi, ya wasichana wanne waliowaimba wanaume wabaya wa mji kwa majina yao kamili.

Siku hizo maktaba ya chuo iliwafukuza kwa kubandika matangazo ukutani. Sasa maktaba hiyohiyo inayakusanya matangazo yale na kuyagusa kwa glavu. Marlys aliwapelekea kaseti pekee ya bendi. Alipoonyeshwa orodha ya kumbukumbu za bendi, alisoma: Mpiga ngoma, Curt Kessler.

Curt ni mdogo wa marehemu mumewe, dalali wa nyumba. Husimulia jambo mara tatu, na ikifika mara ya nne huwa amelifanya yeye; maktaba ilikuwa imemsikia yeye kwanza.

"Shemeji, acha kununa," Curt alisema walipoitwa na Tamsin, mtunza nyaraka wa maktaba. "Ngoma zilikuwa zangu."

"Na jiko la kwenu si lako pia? Umewahi kupika nini?"

"Jamani," Tamsin alisema, "orodha inafungwa leo. Litakaloandikwa hapa ndilo watakalonakili wanafunzi wote. Hakuna shahidi?"

Hakuna. Mwimbaji alikuwa amefariki, na wale wengine wawili hawajibu simu ya mtu tangu bendi ivunjike.

"Weka kaseti," Marlys alisema. "Tupige mezani, mmoja mmoja. Tuone nani anaifuata."

Curt alianza. Alikuwa amefunzwa katika bendi ya shule, na medali anayo. Alipiga sawasawa kama saa ya ukutani. Lakini kila kiitikio kilipofika, mpiga ngoma wa kwenye kaseti alikimbia, akaruka pigo moja, kisha akawangoja wenzake.

"Hapo kanda imeharibika," alisema Curt.

"Mara nne, palepale?" Tamsin aliuliza.

Wasichana wale walikataa kufundishwa, tena kwa makusudi. Aliyejua kupiga vizuri alitiliwa shaka. Marlys alikunja mikono ya sweta. Akakimbia palepale, akaruka palepale, akangoja palepale, mara zote nne.

Tamsin alifuta jina. "Niandike Marlys Kessler?"

"Engdahl. Nilikuwa bado sijaolewa. Baba aliona haya jina lake kutajwa jukwaani. Basi likae hapo."

"Na mimi?" Curt alilalamika. "Nilikuwepo kila onyesho!"

"Ulikuwepo, kweli. Wasichana mbele, ninyi wanaume nyuma mmeshika makoti yetu."

Tamsin, mtu makini, aliandika: Curt Kessler, mshika makoti.

"Usiandike hivyo, dada! Wanangu watasoma!"

"Ndiyo maana tunahifadhi, shemeji," alisema Marlys.