Mshenga Aliyekimbilia Basi

Tamthilia zimemharibu mdogo wangu Praxeda, nalisema hilo bila kumung'unya maneno. Saa moja jioni hapa Nguvumali, hata ugali uungue, yeye yuko mbele ya runinga anamlilia mwanamume anayekimbilia gari la mchumba wake kwenye mvua.

Basi Tadeo, fundi majokofu, kijana mtulivu wa usharika wetu, akaleta barua ya posa kupitia kwa mshenga wake, Mzee Abrahamu. Baba akasema mwenye jibu ni Praxeda, na alitoe Jumapili. Praxeda akasusa. Barua tu? Akaniambia atapanda basi la Lushoto, mimi nimtonye Tadeo. Akimkimbilia, ataolewa. Asipokuja, barua irudi. Ulikuwa mwezi wa nne, naye akategemea mvua ya masika kama ya kwenye tamthilia. Siku yenyewe likawaka jua la kutoboa utosi.

Nikampigia Tadeo simu, maana shemeji kama yule hapatikani kila siku. Kisha nikamsindikiza mdogo wangu huyo mwendawazimu stendi, nimenuna, tukakaa ndani ya basi.

Injini ilipowashwa, kweli mtu akatokea mbio. Alikuwa Mzee Abrahamu, miaka sabini na miwili, koti la suti, kandambili mguu mmoja. Akapanda, goti likamgoma, akaanguka kwa magoti mbele ya Praxeda. Abiria wakapiga vigelegele. Mama mmoja akamsihi mdogo wangu amkubali tu babu wa watu.

"Tadeo anasema usiende," mzee akasema akihema.

Praxeda akamwamkia shikamoo, kisha akauliza kwa uchungu mwenyewe yuko wapi.

"Barua haijajibiwa, binti yangu. Maneno yote yanapita kwangu."

Nikachungulia dirishani. Tadeo alikuwa nyuma ya kibanda cha tiketi, kashika kandambili ya pili ya mzee, machozi yanamtoka. Jamani, nilitaka kumzaba kofi na kumkumbatia kwa pamoja.

Mzee hakuweza kusimama. Ikabidi Tadeo aje, akainama, akambeba mgongoni, macho chini, hakumtazama Praxeda hata kidogo. Kisha akamwomba mzee, huko huko mgongoni, amwulize binti kama amekunywa chai.

Mzee akauliza. Praxeda, hatua moja tu kutoka kwao, akachukua begi lake.

"Mwambie sijanywa," akasema huku analia. "Na mwambie Jumapili ni mbali."