Mgahawa Ulioipa Barabara Kisogo

Mgahawa wetu wa Mwandiga umeipa barabara kisogo. Mgeni akiuona hudhani fundi alikuwa amelewa. Hakulewa. Mama alipoujenga, barabara ya vumbi ilipita upande wa mlango. Lami ilipokuja ikapita nyuma, jikoni, na mlango wetu ukabaki unatazama migomba ya jirani.

Wateja wakapotea. Baba ni mtu wa kukata tamaa mapema. Mvua ikichelewa siku mbili, kwake mwaka umeshaharibika. Akatangaza kwamba masika yakiisha wateja hawajarudi, atauza kiwanja, na mama arudie kutembeza chakula kwa beseni kichwani, kama zamani nilipokuwa mgongoni mwake. Mama akaendelea kupika.

Siku moja dereva wa lori, njaa imemshika, hakutaka kuzunguka nyumba. Akaingilia jikoni, akafunua sufuria ya kwanza, akafunua ya pili, akachungulia migebuka, samaki wa ziwani, waliokuwa wakichemka kwenye mawese. Mama akamwinulia mwiko.

"Nisamehe, mama," akasema. "Lakini nipe huyo mkubwa wa pembeni. Leo nimejua ninachokula kabla sijakaa."

Mama akashusha mwiko. Kesho yake akaamuru kila mteja apitie jikoni, amwamkie mpishi, afunue, achague. Mimi, binti mkubwa, nikaona aibu: nani anakaribisha wageni kwenye moshi? Kumbe sikujua lolote. Watu wakaanza kushuka Mwandiga kwa makusudi, hata wa Ujiji walioacha majiko yao yanawaka, ili tu wafunue sufuria za mwenzao bila kugombezwa.

Masika yalipoisha, baba akaja na mnunuzi wa kiwanja. Wakapitia jikoni kama watu wote. Ndani hapakuwa na kiti kitupu hata kimoja.

"Karibu, funua uchague," mama akamwambia mnunuzi. Kisha akampa baba sahani mbili. "Baba watoto, hizi ni za meza ya kule kwenye migomba."

Baba akazipeleka. Nilicheka mpaka machozi yakanitoka, na sijawahi kujivunia mama kama siku ile. Mnunuzi alikula amesimama, akaomba ugali wa kuongeza, kiwanja hakukitaja tena.

Mwaka huu fundi mmoja alinishauri tutoboe mlango wa kutazama lami. Kabla sijafungua kinywa, baba, sahani mkononi, alikuwa ameshamfukuza.