Meza ya Mlangoni

Ditram alipokutana na Tumwagile mara ya kwanza, alimpima kama mtu anavyopima gunia la mpunga: macho yakatangulia, mdomo ukafuata. Namba ya simu ya fundi huyu alipewa na mteja wa Kilosa. Stesheneri ya Ditram, pale Mikumi kando ya barabara kuu, ilikuwa na kompyuta nne kuukuu zinazougua ugonjwa mmoja. Wateja waliokuja kupakua miziki waliziachia programu za nyongeza zinazojibandika kwenye brauza, na sasa ukifungua ukurasa wa kuombea kazi, matangazo ya dawa za nywele yanakurukia usoni.

“Shikamoo kaka.”

“Marahaba. Bei yako?”

“Sitaki hela. Nataka meza ile ya mlangoni. Nikae nifanye kazi zangu mwaka mzima, bila kodi.”

Babu yake Tumwagile aliletwa Kilosa na kazi ya mkonge, akafa hana hata kizingiti. Baba yake alilima mashamba ya watu kule Kidete. Yeye alijifunza kompyuta kwa kuziharibu, na miaka yote amefanyia kazi mapajani, stendi, au chini ya miavuli ya mawakala wa simu. Meza yake mwenyewe hajawahi kuwa nayo.

Ditram akashusha hadi miezi sita, akaongeza na kufagia.

“Sita sawa. Kufagia utafagia mwenyewe.”

Kazi ikaanza. Kila alipoondoa programu moja, kompyuta ilimuuliza: kuna faili hili la pamoja, inaonekana hakuna programu nyingine inayolitumia, lifutwe? Tumwagile akabonyeza Hapana. Ikauliza tena. Hapana.

“Mbona unaacha mabaki?” Ditram akauliza.

“Hili ni faili la kushirikiana. Huenda kuna programu nyingine inalitegemea.”

“Ipi?”

“Sijui. Ndiyo maana silifuti.”

Ditram aliwajua mafundi. Wa pikipiki hukuachia nati imelegea ili kesho umrudie. “Dada, mimi si wa kutegwa. Futa yote, la sivyo meza huipati.”

“Matangazo yameisha, hayajaisha?”

“Yameisha.”

“Basi na kazi imeisha. Meza baki nayo, lakini kwa mkono wangu halifutwi.” Akakunja waya zake, akapanda gari la Kilosa.

Ditram akakaa mwenyewe. Akafungua folda yalimo mafaili ambayo Tumwagile aliyaacha, akayafuta kwenye kompyuta zote. Zikamwonya, akabonyeza Ndiyo. Akamwaga na pipa la takataka la kompyuta, akajisifu.

Asubuhi skana ikagoma. Programu yake ilisema imekosa faili, ikalitaja kwa jina, lilelile. Vijana wanaoomba kazi za hoteli za mbugani walikuwa wamejipanga, vyeti mkononi.

“Bosi, leo tumekuja kuangaliana sura tu?” mmoja akasema, na foleni ikavuka barabara kwenda kwa Gerald, mwenye stesheneri ya ng’ambo.

Ditram akapiga simu. “Njoo. Meza nakupa.”

“Ile ilikuwa bei ya jana. Leo ni mwaka, na ufunguo wangu wa mlango.”

“Unanikaba!”

“Nakuuzia. Ukiona ghali, mpelekee Gerald hizo skani.”

“Miezi tisa.”

“Mwaka, kaka. Sishuki.”

Wasichana wawili wenye bahasha walisimama mlangoni, wakachungulia, wakavuka nao. Ditram akakubali: “Njoo.”

Tumwagile alikuja na programu ya skana kwenye flashi, akaiweka upya, nayo ikaja na faili lake. Kompyuta tatu zikafufuka. Ya nne ikagoma kuwaka kabisa.

“Hii imenishinda, sikudanganyi.”

“Basi nakata miezi mitatu.”

“Kata kwa aliyefuta.”

Ditram akauvua ufunguo kwenye shada la funguo zake, akautupa mezani badala ya kumpa mkononi. Tumwagile aliuokota bila kinyongo, akavuta kiti.

Ditram alibaki na kompyuta tatu nzima na mpangaji asiyelipa. Wale waliovuka barabara, wengine walimzoea Gerald moja kwa moja. Na wanaokuja sasa na simu mbovu au laptopu iliyoganda, humuuliza Ditram kwanza: “Dada yupo?”