Wajina Wangu Sista

Juzi binti yangu alinisomea kwenye simu kwamba jina langu, Klotilda, ni la kizamani la Kifaransa, jina la malkia, maana yake mashuhuri vitani. Nilicheka kwa uchungu.

Nilipokuwa mtoto, mwaka ule serikali iliporudisha ada za shule, mama alinipeleka misheni, nje ya Bariadi, kwa sista mzee aliyenipa jina lake nilipobatizwa. Kwetu wajina ni kama mzazi, nami niliamini atanisomesha. Nilibeba jogoo wetu kwapani. Barazani kulinukia mkate.

“Sista, huyu ndiye Klotilda wako,” mama alisema, amepiga magoti.

Sista alitabasamu. “Mama, akina Klotilda wangu ni wengi mno.”

Jogoo alipokelewa. Tulipofika getini nilimsikia akiwika jikoni kwao.

“Mayu, kesho Sista atanikumbuka?” nilimuuliza mama.

Alinijibu kwamba kesho tunachuma pamba.